Njala au Njaa: Rekodi za Mwenda Jean Bosco katika Sauti Isiyopunguzwa

Kwa muda wa miezi minne nimesikiliza rekodi za Mwenda Jean Bosco kwa mfuatano wa miaka, kuanzia zile za 1952 hadi albamu ya studio iliyotolewa 1994, miaka minne baada ya kifo chake. Nimezisikiliza katika faili za aina ya FLAC, yaani faili zinazobana sauti ili ichukue nafasi ndogo, lakini zikifunguliwa hurudisha kila kitu kama kilivyokuwa. Mafundi huuita mbano usio na hasara. Maneno hayo yalinivutia, kwa sababu katika kitivo chetu kila mtu anayenukuu usemi wa watu anajua kwamba hasara ipo, hata kama hatuisemi. Basi nilijiuliza: ikiwa faili haipotezi kitu, kile tunachokikosa katika nyimbo za zamani kimepotelea wapi?

Wasomaji wengi wanamjua Bosco kwa jina, na wenye umri wa wazazi wetu wanamjua hasa kwa wimbo mmoja, "Masanga". Alizaliwa 1930, na baadaye alipenda kujiita Mwenda wa Bayeke, kwa jina la watu wake. Mwaka 1952 Hugh Tracey, Mwingereza aliyeishi Afrika Kusini na kuzunguka nchi nyingi akirekodi muziki, alimkuta Jadotville, mji tunaouita leo Likasi, akamrekodi akiwa peke yake na gitaa lake. Nyimbo zilitolewa katika santuri na kampuni ya Gallo ya Afrika Kusini, zikasambaa mbali kuliko Katanga. Mwishoni mwa miaka ya 1950 na mwanzoni mwa miaka ya 1960 Bosco alikaa Nairobi kwa muda, akasikika redioni huko, na wapiga gitaa wa Kenya wakajifunza kwake. Mwaka 1969 alipiga katika tamasha la Newport, Marekani. Alifariki 1990 kwa ajali ya gari. Mapema miaka ya 1960 David Rycroft alikwisha kuchambua gitaa lake noti kwa noti katika jarida la African Music. Naona kwamba vidole vya Bosco vimepata wachambuzi wengi kuliko Kiswahili chake.

Kiswahili hicho ndicho kinachonihusu. Kazi yangu ya mwisho wa masomo ni juu ya sauti za Kiswahili cha Katanga katika nyimbo za miaka ya 1950. Tunasikia kila siku, shuleni, kanisani, hata redioni, kwamba Kiswahili chetu kimeharibika, tena kwamba kimeharibika juzi tu, kwa kosa la vijana. Rekodi za zamani ni mashahidi katika shauri hilo. Kama sauti fulani ilikuwapo tayari mwaka 1952, katika kinywa cha kijana wa miaka 22, hakuna haki ya kuwasingizia watoto wa leo. Lakini shahidi lazima asikike vizuri kabla ya kuandikwa anachosema.

Nyimbo za Bosco nilizokua nazo zilinifikia kwa simu. Mtu alimtumia mwenzake kwa Bluetooth, mwenzake akaipunguza faili ili iingie katika kadi ndogo, mwingine akaitoa katika video na kuigeuza tena kuwa MP3. Kila mgeuzo hutupa kitu, na aliye mwisho wa mnyororo hapokei sauti ya 1952. Anapokea mabaki ya mabaki. Hakuna wa kulaumiwa, maana hesabu ni rahisi. Dakika moja ya sauti ya kiwango cha CD huchukua karibu mega 10, kwa hiyo wimbo wa dakika tatu ni kama mega 30. FLAC huweza kuishusha hadi karibu nusu. MP3 ya kilobiti 128 kwa sekunde huifikisha chini ya mega 3. Kwa mtu anayenunua mega za elfu moja moja, tofauti hiyo ni nauli ya basi. Mimi mwenyewe nilizipata faili nzima kwa fleshi, kutoka kwa rafiki aliyenunua CD za matoleo mapya na kuzinakili, wala sikuthubutu kuzipakua mtandaoni.

Inafaa kueleza jinsi mibano hii miwili inavyofanya kazi, kwa sababu wengi wetu hudhani tofauti yake ni ya ukubwa tu. FLAC hukisia. Hutazama vipimo vya sauti vilivyotangulia, hukisia kipimo kinachofuata, kisha huandika tu umbali kati ya makisio na ukweli. Anayefungua faili hufanya makisio yaleyale, anaongeza umbali ule, na kupata namba zilezile za mwanzo bila kukosa hata moja. Ni kama mwalimu anayewaandikia wanafunzi wanaozijua kanuni: anawaachia wazifuate, na yeye anaandika yale tu yanayozikiuka.

MP3 hufanya jambo jingine. Ilitengenezwa Ujerumani, hasa katika taasisi ya Fraunhofer mjini Erlangen, na msingi wake ni elimu ya sikio la binadamu. Sauti kubwa huifunika sauti ndogo iliyo karibu nayo kwa masafa, na hata ile inayoifuata mara moja. Kwa hiyo programu hujiuliza kila wakati: msikilizaji hataona kukosekana kwa kitu gani? Kile ambacho hataona hukiandika kwa usahihi mdogo, au hukitupa. Karlheinz Brandenburg, mmoja wa watengenezaji wake, alitumia wimbo "Tom's Diner" wa Suzanne Vega kuurekebisha mfumo huo, kwa sababu sauti ya mwanamke peke yake, bila ala, ilifichua kasoro zilizofichika katika muziki mwingine. Sisi wa isimu tunapaswa kuikumbuka habari hiyo. Sauti ya mtu peke yake ndiyo iliyokuwa mtihani mgumu, na sauti ya mtu ndiyo tunayoitafuta.

Sasa tuichukue santuri ya zamani. Ina mchakacho unaoendelea kutoka mwanzo hadi mwisho. Mchakacho haukisiki, kwa hiyo FLAC hulazimika kuuandika karibu wote, na faili inabaki nzito. MP3 yenye kiwango kilichowekwa haina nafasi ya kuongeza, kwa hiyo mchakacho unakula sehemu ya nafasi ambayo ingekuwa ya mwimbaji. Hapo sauti dhaifu za lugha zinakuwa hatarini. Pia kuna gitaa. Bosco alikwanyua nyuzi kwa kidole gumba na kidole cha shahada, na kila mkwanyuo huanza ghafla kama kokoto inayoanguka juu ya bati. MP3 ya kiwango cha chini hushindwa na mwanzo wa ghafla namna hiyo. Huacha ukungu mdogo mbele ya noti, sauti inayosikika kabla ya wakati wake. Ukungu huo unaangukia palepale konsonanti inapotamkwa.

Nilipofungua faili nzima kwa mara ya kwanza, kitu nilichokiona mapema ni gitaa: gumba na shahada vilikuwa watu wawili wanaojibizana, wala si mvua moja ya nyuzi. Baada ya siku kadhaa nikaanza kusikia pumzi. Bosco huvuta pumzi kabla ya mstari, na pumzi hiyo inaonyesha mstari unaanzia wapi, jambo linalomsaidia mtu anayejaribu kugawa wimbo katika sentensi. Nikasikia pia miisho ya irabu, jinsi zinavyozimika polepole chini ya gitaa badala ya kukatwa.

Ili nisidanganywe na hamu yangu, nilifanya jaribio dogo. Mwenzangu mmoja aliyesomea Dar es Salaam hutamka hapa, habari, huyu kwa h inayosikika wazi. Nilimrekodi akitaja maneno hayo katika sentensi, nikaweka gitaa chini ya sauti yake, kisha nikatengeneza nakala kadhaa: FLAC, MP3 ya kilobiti 320, ya 128 na ya 64. Niliwapa wanafunzi wawili wanukuu bila kuwaambia ipi ni ipi, wakitumia zile ekuteri za kawaida zinazouzwa kando ya barabara. Kati ya FLAC na MP3 ya 320 hawakuona tofauti, wala mimi sikuiona. Katika ile ya 64 waliandika apa, abari, uyu mara kadhaa. Mtu wa Dar es Salaam alikuwa amegeuzwa kuwa Mlushois na faili.

Jaribio hilo halitoshi kuwa utafiti, lakini lilinitosha kuweka mpaka katika kazi yangu. Kudondoka kwa h ni moja ya alama zinazojulikana sana za Kiswahili cha Katanga. Sote tunasema apa na uyu. Lakini h ni pumzi tu, kelele nyepesi isiyo na mtetemo wa koo, na hiyo ndiyo aina ya sauti ambayo mbano hutupa kwanza. Anayetafuta ushahidi wa kudondoka kwa h katika faili ya simu anaweza kuhesabu kazi ya mashine kama kazi ya wasemaji. Mambo mengine hayana hatari hiyo. Ile u ya mutu, muti, mutoto, ambayo sanifu imeitoa na kubakiza m peke yake, ni irabu yenye nguvu, na katika wimbo hupewa noti yake kamili. Hata simu mbovu huifikisha. Kwa hiyo swali si kama MP3 ni mbaya au nzuri. Swali ni sauti ipi tunayoitafuta, na kama faili tuliyo nayo ina uwezo wa kuitolea ushahidi.

Wapenzi wa faili nzima watanisamehe nikisema kwamba neno "bila hasara" linaahidi kidogo kuliko wanavyodhani. Faili haipotezi kile ilichopewa, lakini ilipewa nini? Santuri ya inchi 10 ilibeba kama dakika tatu kwa upande mmoja. Mwimbaji ambaye wimbo wake ulienda usiku mzima barazani ilimbidi aukate ili uingie. Beti zilizokatwa siku ile hazipo katika faili ya aina yoyote. Mwendo nao hauna uhakika. Santuri iliyokusudiwa kuzunguka mara 78 kwa dakika, ikinakiliwa kwa mizunguko 80, sauti yote hupanda kwa zaidi kidogo ya asilimia 2.5, karibu nusu ya nusutoni, na mwimbaji anaonekana kijana zaidi na mwenye haraka zaidi. FLAC itaihifadhi kasoro hiyo kwa uaminifu mkubwa. Kisha kuna usafishaji. Wanaotoa upya nyimbo za zamani hupenda kuondoa mchakacho ili mnunuzi asikerwe, lakini mchakacho na s hukaa jirani katika masafa ya juu. Ukiufuta mmoja bila uangalifu, unaugusa mwingine. Nina toleo moja la namna hiyo ambalo ni safi kama maji ya chupa, na s zake zote zina kithembe.

Nilimsikilizisha nkambo wangu faili hizi. Alikuwa msichana Jadotville katika miaka ileile ambayo nyimbo zilirekodiwa, na leo amepita miaka 80. Nilianza na nakala ya simu, kisha nikaweka FLAC, bila kumweleza kitu.

"Ku telefone iko sawa vile anaimbia mu mutungi," alisema. "Apa iko karibu."

"Kambo, unasikia ile kelele ya sahani?"

"Kelele gani? Miye nasikia mutu anaimba."

Nilikuwa na unukuzi wa moja ya nyimbo hizo, nilioupata kwa mtu aliyewahi kuufanyia kazi zamani, na wote ulikuwa umeandikwa kwa Kiswahili sanifu. Nikamsomea nkambo polepole. Alisikiliza mpaka mwisho, akacheka.

"Ule haiko Bosco," alisema. "Ule ni mwalimu."

Aliyenukuu alikuwa na sauti sikioni mwake, na faili yake haikuwa mbaya. Lakini kila penye mu- ameandika m-, na kila penye l ambayo sanifu haina, ameiondoa. Hakudanganya. Alifanya kile ambacho MP3 hufanya: alikuwa na kielelezo cha msikilizaji kichwani, akajiuliza msikilizaji huyo hahitaji nini, akakitupa. Tofauti ni kwamba kielelezo cha MP3 kinatokana na sikio, na kielelezo chake kinatokana na kitabu cha sarufi. Tena mashine ilitupa sauti dhaifu, zile zinazofunikwa na gitaa. Mnukuzi alitupa sauti zenye nguvu zinazosikika hata barabarani.

Nitachukua mfano wa l kwa sababu una mafundisho. Lubumbashi tunasema njala, kuzala, kitambala. Sanifu inasema njaa, kuzaa, kitambaa. Moja ya nyimbo za Bosco inaitwa "Tambala moja", na l hiyo imo katika jina lenyewe, iliandikwa wazi kwa macho ya wote. Mwanafunzi wa mwaka wa kwanza akiandika njala katika mtihani wa Kiswahili anapigwa wino mwekundu, na mara nyingi anaambiwa kwamba ameongeza herufi. Lakini waliosoma lugha za Kibantu kwa ulinganisho wanajua kwamba hakuna aliyeongeza. Kilingala kina nzala, Kibemba kina insala. Konsonanti hiyo ni ya zamani, na Kiswahili cha pwani ndicho kilichoiacha idondoke kati ya irabu mbili. Kama l yetu ilibaki tangu mwanzo au ilirudishwa na lugha za majirani tulioishi nao migodini, hilo linajadilika. Lakini katika neno hili upande uliopoteza kitu si wetu.

Sisemi hivyo ili kuidharau lugha sanifu. Naandika kwayo sasa hivi, na bila yake mtu wa Kisangani, wa Bujumbura na wa Mombasa wasingeweza kuisoma makala hii. Kila lugha inapoteza sauti na kupata nyingine. Ndivyo lugha zinavyoishi. Ninachokataa ni mazoea ya kuandika njaa pale mtu aliposema njala, kisha kuyaita maandishi hayo unukuzi. Msomaji anayekuja baada yetu hatakuwa na njia ya kujua kwamba l ilikuwapo. Kwake yeye, Katanga ya 1952 itakuwa ilisema kama vitabu vya shule, na Katanga ya leo itaonekana imeanguka kutoka juu.

Mfano mzuri wa kufanya kinyume tunao hapahapa mjini. Mwaka 1965 André Yav aliandika historia ya mji huu, Vocabulaire de ville de Elisabethville, kwa Kiswahili cha wafanyakazi na kwa tahajia yake mwenyewe. Johannes Fabian alipoitoa kitabuni mwaka 1990, kwa msaada wa Kalundi Mango, hakuisahihisha. Maandishi yalibaki kama yalivyo, na Kalundi Mango aliyasoma kwa sauti ili yarudi kuwa usemi, kisha usemi huo ukaandikwa kando, na tafsiri kando yake. Walter Schicho akaongeza maelezo ya kiisimu. Kila tabaka liko mahali pake, na msomaji anaona nani alifanya nini. Nikitafuta maana ya "bila hasara" kwa kazi yetu, naipata katika kitabu kile kuliko katika FLAC. Hasara imo, lakini imeandikwa mahali ilipotokea, na wa kwanza hajafutwa na wa pili.

Albamu ya 1994, iliyotolewa Marekani na Rounder, inasaidia kwa njia nyingine. Ni kazi ya studio, hakuna mchakacho, na vidole vinasikika vikiteleza juu ya nyuzi. Bosco alikuwa ameshapita nusu karne. Sauti imekuwa nzito, pumzi ni fupi zaidi, na hana haraka. Mwanzoni nilidhani ningeitumia kama ufunguo: sauti isiyo wazi katika rekodi ya 1952 ningeitafuta katika rekodi safi na kupata jibu. Kadiri nilivyosikiliza ndivyo nilivyoona kwamba ufunguo huo hautoshi. Kati ya rekodi hizo kuna maisha ya mtu: Nairobi, Newport, miaka ya Zaïre, wasikilizaji wa nchi nyingine. Mwimbaji anayejua kwamba anasikilizwa mbali hutamka akiwafikiria wale wa mbali. Namna anavyotamka uzeeni inaonyesha alichokuwa amekuwa, wala haiwezi kutoa ushahidi kwa niaba ya kijana wa Jadotville. Kila rekodi lazima ijibu kwa ajili yake yenyewe, na ndiyo sababu ubora wa kila moja una uzito.

Haya yote yanaweza kuonekana kama anasa ya mtu mwenye fleshi iliyojaa. Wenzangu wananiuliza kwa nini nisumbuke na mega 15 kwa wimbo ambao mega 3 zinatosha kuucheza. Kwa kucheza, zinatosha kabisa. Nimekwisha kusema kwamba kilobiti 320 hazina tofauti kwa sikio langu. Lakini faili ya utafiti haisikilizwi mara moja. Hukatwa, hupimwa katika programu kama Praat, hugeuzwa aina, hunakiliwa kwa mwingine ambaye atainakili tena. Faili nzima huvumilia hayo yote, na nakala ya kumi ni sawa na ya kwanza. Iliyopunguzwa huzidi kupungua kila inapobanwa upya.

Jambo hili linatugusa hata tusipomfikiria Bosco. Wengi wetu twaenda uwanjani na simu tu, na kinasa sauti cha simu mara nyingi huhifadhi katika aina iliyobanwa bila kutuuliza. Baadhi ya simu hutumia AMR ya kawaida, iliyotengenezwa kwa mazungumzo ya simu, ambayo hukata kila kitu kilicho juu ya herzi 4,000. Sehemu kubwa ya s iko juu ya hapo. Mwanafunzi anayerekodi wazee wa kijiji kwa namna hiyo, halafu akataka kuandika juu ya tofauti ya s na f, amekwisha kukosa jibu kabla ya kurudi mjini. Wazee hao hawatarekodiwa mara ya pili. Nkambo wangu anachoka upesi sasa, na watu waliozisikia santuri hizo zikiwa mpya wamebaki wachache.

Kwa hiyo nina maombi matatu kwa kitivo. La kwanza: kila rekodi inayowekwa kwetu iwekwe katika WAV au FLAC, na kila kazi inayotumia rekodi iseme wazi ilitoka wapi, katika aina gani ya faili, na kama ilisafishwa. Ni mstari mmoja tu katika utangulizi. La pili: unukuzi uwe na mistari miwili, wa juu wenye kilichosikika, wa chini wenye Kiswahili sanifu kwa anayekihitaji. Karatasi itaongezeka, lakini hakuna atakayelazimika kuchagua kati ya Bosco na mwalimu. La tatu: rekodi za Tracey ziko katika maktaba ya muziki aliyoianzisha 1954, ambayo leo iko katika Chuo Kikuu cha Rhodes, Afrika Kusini. Kitivo kinaweza kuomba nakala nzima za nyimbo zilizorekodiwa Katanga, zikae hapa na Likasi, ambako wasikilizaji wanaoelewa kila neno bado wako hai.

Katika kazi yangu nimeandika njala katika mstari wa juu na njaa katika mstari wa chini. Kuhusu h, nimeandika tu pale ambapo faili nzima iliniruhusu, na palipobaki shaka nimeacha mabano matupu. Najua jopo litauliza kwa nini kuna mabano mengi hivyo katika wimbo wa dakika tatu. Nitaleta fleshi.